Umesimamishwa kazi na AMCOS au SACCOS? Hatua za kufuata tangu siku ya barua hadi tuzo ya CMA

Barua yangu ililetwa na mlinzi saa kumi jioni, nikiwa nafunga leja. Nilikuwa mhasibu wa AMCOS, yaani chama cha msingi cha ushirika wa kahawa, huku kwetu nyanda za juu kusini mwa Tanzania. Ilikuwa na mistari minne: umesimamishwa kazi kuanzia leo hadi utakapoarifiwa vinginevyo, utalipwa nusu mshahara, kabidhi ofisi, usionekane eneo la ghala. Tuhuma haikutajwa, wala muda wa uchunguzi.

Nilifanya wanachofanya wengi. Nilikwenda kwa Afisa Ushirika wa wilaya, nikaenda kwa diwani, nikaenda kwa mjumbe mmoja wa bodi ambaye ni mzee wa kwetu, akaniambia, "Tulia mwanangu, haya yataisha kwenye kikao." Nikatulia. Kikao kilipokaa, siku za kudai nusu nyingine ya mshahara wangu kwenye CMA, tume ya migogoro ya kazi, zilikuwa zimekwisha. Fedha ile sijaipata hadi leo. Tangu hapo nimewasindikiza makarani, wahasibu na mameneja wa vyama kutoka Kyela, Rungwe, Mbozi, Chunya na Mufindi, na wengi wao wanafika wakiwa na kosa hilohilo: wamebisha milango yote isipokuwa ule wa kwao.

Kwanza ujue wewe ni nani mbele ya sheria

Chama cha ushirika, iwe AMCOS ya mazao au SACCOS ya akiba na mikopo, si Serikali. Kimeandikishwa na Mrajis, yaani msajili wa vyama vya ushirika, chini ya Sheria ya Vyama vya Ushirika ya 2013, kinasimamiwa na Tume ya Maendeleo ya Ushirika, hesabu zake hukaguliwa na COASCO, shirika la ukaguzi wa vyama vya ushirika, lakini mwajiri wako ni chama chenyewe kupitia bodi yake. Kwa hiyo ajira yako inaongozwa na Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini, Na. 6 ya 2004, pamoja na Kanuni za Utendaji Bora zilizotolewa kwa Tangazo la Serikali Na. 42 la 2007. Ile nusu mshahara imetoka kwenye taratibu za watumishi wa umma. Bodi nyingi zina mjumbe aliyekuwa mwalimu au mtendaji wa kata, naye huja na taratibu za huko alikotoka. Kwenye chama hazina nafasi.

Jambo la pili lina utata zaidi. Wengi wetu ni waajiriwa na pia ni wanachama. Una shamba la kakao Kyela, umenunua hisa, unapeleka mazao yako ghalani, na wakati huohuo wewe ndiye karani wa mizani. Hapo una kofia mbili. Mgogoro wa mwanachama na bodi kuhusu biashara ya chama, kama malipo ya mazao yako, hisa au gawio, una njia yake: mazungumzo na usuluhishi ndani ya chama, kisha Mrajis, kisha rufaa kwa Waziri. Mgogoro wa mfanyakazi na mwajiri unakwenda Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, ambayo wote tunaiita CMA. Ukichanganya kofia hizi kwenye barua moja, bodi itasema mambo yako yako kwa Mrajis, nawe utakaa unasubiri majibu huku siku zinakwenda.

Simwambii mtu asimwandikie Mrajis Msaidizi wa mkoa. Mwandikie, hasa kama bodi yenyewe ndiyo ina harufu ya ubadhirifu. Ila nakala ya barua hiyo haisimamishi saa ya CMA hata kwa siku moja.

Siku ya kwanza hadi ya saba

Usigome kukabidhi ofisi. Kabidhi, lakini kwa maandishi. Chukua karatasi mbili zenye kaboni kati yake, orodhesha kila kitu: leja ngapi na zinaishia ukurasa gani, vitabu vya stakabadhi na namba ya mwisho iliyotumika, fedha taslimu ulizohesabu mbele ya nani, funguo ngapi, mizani, mihuri, kitabu cha hundi na namba ya hundi inayofuata. Kama wewe ndiye uliyekuwa unaingia kwenye MUVU, mfumo wa kompyuta wa kusimamia vyama vya ushirika, au akaunti ya benki, andika siku na saa uliyoacha kutumia nywila yako na uombe ifungwe. Baadaye miamala ikifanyika kwa jina lako, karatasi hiyo ndiyo itakayokutetea. Anayepokea asaini, nawe usaini, na shahidi mmoja asaini. Nilimsindikiza dada mmoja aliyekabidhi funguo tupu bila kuhesabu magunia. Wiki mbili baadaye walimpa hesabu ya upungufu wa magunia 14, na hakuwa na kitu cha kuwaonyesha.

Leja za chama usiondoke nazo. Lakini mkataba wako, barua ya ajira, hati za mshahara, barua za pongezi au onyo, na meseji za malipo ya mshahara kwenye simu ni zako. Piga picha, zihifadhi sehemu mbili.

Kisha jibu barua yao. Jibu fupi, lisilo na hasira:

"Rejea barua yenu ya tarehe … iliyonisimamisha kazi. Naomba kufahamishwa kwa maandishi: tuhuma ninazochunguzwa, muda utakaotumika kwa uchunguzi, na uthibitisho kwamba nitaendelea kulipwa mshahara kamili, kama Kanuni ya 27 ya Kanuni za Utendaji Bora, Tangazo la Serikali Na. 42 la 2007, inavyoelekeza. Nipo tayari kutoa ushirikiano wakati wowote nitakapoitwa."

Iandike kwa mwenyekiti wa bodi, ipeleke mwenyewe na nakala moja, wakugongee muhuri wa kupokea na tarehe. Wakikataa kugonga muhuri, itume kwa rejista ya posta na utunze risiti. Barua hii ndiyo inayogeuza lile neno lao la "nyamaza, tutakuita" kuwa mgogoro wenye tarehe.

Na ukae karibu na simu. Kusimamishwa hakujavunja mkataba. Bado u mfanyakazi, na ukiitwa kwenye uchunguzi halafu usionekane kwa sababu umehamia Tunduma kufanya biashara, umewapa kosa jipya la bure.

Mshahara wakati umesimamishwa

Kanuni ya 27 inamruhusu mwajiri kukusimamisha pale penye tuhuma nzito, wakati uchunguzi unaendelea, kwa malipo kamili. Kamili maana yake pamoja na michango ya NSSF. Omba taarifa yako ya michango NSSF kila mwezi. Nimeona vyama vilivyoendelea kulipa mshahara lakini vikaacha michango, na mhusika akagundua mwaka uliofuata.

Wakikulipa nusu, au wasikulipe kabisa, una njia mbili. Ya kwanza ni Afisa Kazi wa mkoa. Anayo mamlaka ya kukagua na kumpa mwajiri amri ya utekelezaji, na kwa chama kidogo barua ya Afisa Kazi pekee mara nyingi inatosha kuwaamsha. Ya pili ni kufungua mgogoro CMA. Migogoro isiyo ya kuachishwa kazi ina siku 60 tangu mgogoro ulipotokea. Hizi ndizo siku nilizozipoteza mimi. Kwa usalama zihesabu tangu siku ya mshahara wa kwanza uliokatwa, na uzihesabu kwa kalenda, Jumapili na sikukuu zikiwemo.

Kuhusu "shoti", yaani upungufu wa mazao au fedha. Hapa ndipo wafanyakazi wa ushirika tunapoumizwa zaidi. Mizani ya ghala na mizani ya mnunuzi hazikukubaliana, kahawa ilikauka ikapungua uzito, tumbaku ilishushwa daraja sokoni, na kesho yake bodi inasema karani alipe. Sheria haimkatazi mwajiri kukata mshahara kufidia hasara, lakini imeweka masharti: hasara iwe imetokea ukiwa kazini na kwa kosa lako, upewe maandishi yanayoonyesha chanzo, kiasi na jinsi kilivyokokotolewa, upewe nafasi ya kupinga, makato yasizidi hasara yenyewe, na yasivuke robo ya mshahara wako. Mtu wa mshahara wa Sh. 320,000 hakatwi zaidi ya Sh. 80,000 kwa mwezi, hata kama deni ni la kweli.

Ukiitwa ofisi ya kijiji au kituo cha polisi uandike hati ya kukiri deni ili "tumalizane", usisaini siku hiyohiyo. Sema unahitaji kuona hesabu kwanza. Karatasi hiyo ina tabia ya kurudi mbele ya mwamuzi ikiwa imevaa sura ya ungamo.

Polisi na TAKUKURU wakiingia

Kuhojiwa si kushtakiwa. Ukishafikishwa mahakamani, Kanuni ya 27 inaruhusu uendelee kusimamishwa kwa malipo kamili hadi kesi iamuliwe, na Sheria ya Ajira ilishaweka kinga kwamba mwajiri asikuadhibu kwa kosa lilelile lililo mahakamani kabla kesi haijafika mwisho. Hivyo barua ya kufukuzwa inayokuja katikati ya kesi ya jinai ni jambo la kupeleka CMA mara moja, usisubiri hukumu ya jinai.

Mrajis naye, baada ya uchunguzi au ukaguzi, anaweza kuamuru mtendaji alipe fedha zilizopotea. Huo ni mkondo tofauti na ajira. Ukipewa nafasi ya kujieleza, jieleze kwa maandishi na vielelezo, na amri ikitoka, soma njia ya rufaa siku hiyohiyo.

Kikao cha nidhamu

Uchunguzi ukionyesha kuna hoja, wanapaswa kukupa hati ya tuhuma kwa lugha unayoielewa, na muda wa kujiandaa usiopungua saa 48. Una haki ya kwenda na mwakilishi wa chama cha wafanyakazi au mfanyakazi mwenzako. Kama bado hujajiunga na chama cha wafanyakazi, ulizia TUICO (cha viwanda, biashara na fedha) au TPAWU (cha mashamba na kilimo) kulingana na kazi yako. Kumpata mtu aliyezoea vikao hivi ni nusu ya safari. Mwenyekiti wa kikao asiwe mtu aliyehusika na jambo lenyewe. Hili kwenye AMCOS ni gumu kweli, kwa sababu bodi ina watu wachache na huyo anayekutuhumu ndiye huketi katikati ya meza. Pinga kwa adabu na uhakikishe pingamizi lako limeingia kwenye muhtasari: "Mwenyekiti, kwa heshima, wewe ndiye shahidi wa tukio hili; naomba kikao kiongozwe na mwingine."

Omba kuona ushahidi na kuwauliza maswali mashahidi. Mara nyingi utakuta hoja yote imesimama juu ya ripoti ya ukaguzi ambayo hujawahi kupewa. Idai. Kama hawaitoi, sema hivyo na kiandikwe.

Muhtasari wao usiuamini peke yake. Mwenzako aandike wa kwake, na tarehe, majina, nani alisema nini. Nimeona mwamuzi akiuliza swali moja tu kwenye kesi nzima, "Muhtasari wa kikao uko wapi?", na upande wa chama ukabaki unatazamana.

Uamuzi uje kwa maandishi na sababu zake. Miongozo ya nidhamu iliyo kwenye kanuni hizo inakupa siku 5 za kazi kukata rufaa kwa ngazi ya juu ndani ya mwajiri. Kata rufaa, lakini usijilaze juu yake. Usikubali kuambiwa subiri Mkutano Mkuu, ambao huenda ukaitishwa baada ya msimu.

Ukiachishwa: siku 30

Mgogoro wa kuachishwa kazi unafunguliwa CMA ndani ya siku 30 tangu ulipoachishwa au tangu mwajiri alipotoa uamuzi wa mwisho. Mimi huwaambia watu wahesabu tangu tarehe iliyoandikwa juu ya barua, si siku waliyoipokea, na wafike siku ya 20. Daraja likikatika njia ya Tukuyu au gari likaharibika ukitoka Chunya, bado una nafasi.

Umechelewa? Fomu CMA F.2 ni ya kuomba kusamehewa ucheleweshaji, inakwenda pamoja na fomu ya malalamiko. Utatakiwa kueleza kila siku uliyochelewa. Cheti cha hospitali husaidia. "Nilikuwa nasubiri Afisa Ushirika anisaidie" ni sababu dhaifu, japo najua ni ya kweli.

Fomu ya malalamiko ni CMA F.1. Inapatikana ofisi za CMA, zikiwemo za Mbeya na Iringa; mgogoro hupelekwa pale ulipotokea, kwa hiyo mtu wa Mbozi au Makete aulize kwanza ofisi inayohudumia mkoa wake. Kufungua hakuna ada. Ijaze taratibu, maana makosa ya fomu hii yameua kesi nyingi kuliko ushahidi dhaifu.

Jina la mlalamikiwa. Andika jina kamili la chama kama lilivyo kwenye hati ya usajili, hadi lile neno la mwisho "Limited". Usiandike jina la mwenyekiti, wala jina la mtaani la chama. Chama ni mtu kisheria, kinashtaki na kushtakiwa kwa jina lake. Ukikosea, unaweza kushinda tuzo, yaani uamuzi wa CMA, dhidi ya mtu asiyekuwepo.

Sehemu B ni ya kuachishwa kazi pekee. Kama bado umesimamishwa na unadai mshahara, usiijaze. Eleza tarehe kwa usahihi, na tarehe ya fomu, ya barua na ya ushahidi wako zifanane. Kwenye unachodai, taja waziwazi: kurudishwa kazini, au kuajiriwa tena, au fidia. Sheria za kazi zilirekebishwa 2025, na toleo jipya la sheria limepanga upya namba za vifungu, kwa hiyo kabla ya kuandika miezi ya fidia au kunukuu kifungu pata toleo la sasa, si fotokopi ya zamani inayozunguka sokoni Mwanjelwa, Mbeya. Ongeza malimbikizo ya mshahara, likizo ambayo hukuchukua, malipo ya notisi na cheti cha utumishi. Kiinua mgongo ni siku 7 za mshahara wa msingi kwa kila mwaka uliokamilika, kikomo miaka 10, ila hakilipwi kwa aliyeachishwa kihalali kwa utovu wa nidhamu.

Mlalamikiwa apewe nakala kwanza, nawe upeleke uthibitisho CMA. Mwenyekiti akikwepa kusaini, nenda na mtu wa kushuhudia, au tumia rejista ya posta.

Wenye ajira ya chini ya miezi 6 hawana kinga hii ya kuachishwa isivyo haki. Makarani wa msimu mnaopewa mkataba wa kuisha na msimu, hoja yenu kawaida ni kuvunjwa kwa mkataba kabla ya muda wake, na dai ni mishahara ya muda uliobaki. Ambao hamna mkataba wa maandishi msikate tamaa: wajibu wa kutoa maelezo ya ajira kwa maandishi ni wa mwajiri, na akishindwa kuyaleta, ndiye anayebeba mzigo wa kuthibitisha. Daftari la mahudhurio, sahihi yako kwenye stakabadhi za mazao na malipo ya simu vitasema.

Usuluhishi, kisha uamuzi

Usuluhishi una siku 30. Usikose hata kikao kimoja, kwa sababu mlalamikaji asipofika malalamiko yanaweza kutupwa. Unaweza kuwakilishwa na wakili au na mtu wa chama cha wafanyakazi. Wasaidizi wa kisheria waliosajiliwa chini ya Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017 wapo pia wilayani, na huwasaidia wasio na uwezo bila malipo.

Nawahimiza watu wasikilize vizuri kwenye usuluhishi. Chama ni cha kijiji. Mwenyekiti ni mjomba wako, na shemeji yako anauza kahawa hapohapo. Nimemsikia mama mmoja akimwambia mwanawe, "Unakishtaki kijiji?" Uchungu huo ni halisi, na makubaliano mazuri huuponya kuliko tuzo. Yanayosemwa kwenye usuluhishi hayatumiki dhidi yako baadaye, basi zungumza kwa uwazi. Ila kabla ya kusaini makubaliano angalia mambo matatu: kiasi, tarehe ya kulipa iliyotajwa kwa siku na mwezi badala ya "baada ya mauzo", na kama mkopo wako wa SACCOS umejumuishwa au umeachwa nje. Deni la mkopo na dai la ajira ni vitu viwili. Usiache vichanganywe bila hesabu iliyoandikwa.

Msipoelewana, mwamuzi husikiliza ushahidi. Kwenye kesi ya kuachishwa, ni mwajiri anayetakiwa kuthibitisha kwamba sababu na utaratibu vilikuwa halali, naye huanza. Wewe leta vielelezo vyako kwa mpangilio wa tarehe. Asiyeridhika na tuzo ana wiki 6 kuomba mapitio Mahakama Kuu. Huku kwetu ipo Mbeya na Iringa.

Ukishinda

Tuzo ni karatasi mpaka itekelezwe kupitia mahakama. Chama cha msingi kinaweza kuwa na akaunti tupu miezi minane, kisha ushuru wa mazao ukaingia kwa wiki chache. Jua kalenda ya chama chako, na maombi ya utekelezaji yawe tayari kabla msimu haujafunguliwa.

Ukirudishwa kazini, siku ya kwanza utapokelewa kwa chai na maneno mazuri, na mtu atakunyooshea funguo. Usizipokee kwanza. Omba mjumbe wa bodi na karani aliyekushikia nafasi muingie ghalani pamoja, hesabuni magunia, fungueni leja mwone namba ya stakabadhi ya mwisho, hesabuni fedha, muandike, msaini watatu. Ndipo uchukue funguo.